Pete Kumi za Fulcrum: Uchawi kama Taaluma katika Riwaya za N. K. Jemisin

Mtahiniwa wa Kidato cha Nne akikutana na mganga, mzimu au maji ya dawa katika kazi ya fasihi, aghalabu huwa na majibu mawili tu. La kwanza ni kwamba mwandishi anakashifu ushirikina. La pili ni kwamba mwandishi ametumia uhalisiajabu ili kuipamba kazi yake na kuzua taharuki. Mtahini mwenye huruma anaweza kutuza yote mawili, lakini yote mawili yanaiacha kazi pale mlangoni bila kuingia ndani. Hakuna hata moja linalouliza uchawi huo unafanya kazi vipi, una mipaka gani, umefundishwa na nani, unamtumikia nani, na gharama yake inalipwa na nani. Makala haya yanadhamiria kuyauliza maswali hayo, na kwa sababu nitakazozieleza, nitayauliza kupitia kazi ambayo haimo katika orodha ya vitabu teule na ambayo haikuandikwa kwa Kiswahili.

Kazi yenyewe ni riwaya tatu zinazofuatana za N. K. Jemisin, mwandishi Mwafrika-Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1972: The Fifth Season ya 2015, yaani Msimu wa Tano, The Obelisk Gate ya 2016 na The Stone Sky ya 2017. Zote tatu zilishinda tuzo ya Hugo ya riwaya bora, katika miaka ya 2016, 2017 na 2018. Hapakuwa na mwandishi yeyote kabla yake aliyewahi kuipata tuzo hiyo miaka mitatu mfululizo. Nimezichagua, mwalimu mwenzangu, kwa sababu uchawi uliomo humu haukuachwa uelee hewani. Una silabasi. Una shule, una viwango na una mitihani. Una pia wanafunzi wanaofeli, na riwaya haiogopi kutuonyesha wanakopelekwa wanaofeli. Istilahi za Kiswahili nitakazozitumia ni zangu. Mwenye bora zaidi na azilete.

Mandhari kwanza. Hadithi inatokea katika bara moja kubwa liitwalo Stillness, yaani Utulivu. Hicho ni kinaya cha waziwazi, kwani bara hilo halitulii kamwe. Ardhi hutetemeka kila mara, na kila baada ya miaka mingi hutokea janga kubwa, kama mlipuko wa volkano, gesi ya sumu au kuvu linaloteketeza mimea, likafunika mbingu na kuleta kipindi cha njaa na giza kiitwacho Msimu wa Tano. Ili kuhesabiwa kuwa Msimu, kipindi hicho sharti kidumu angalau miezi sita. Mwishoni mwa kitabu cha kwanza mwandishi ameweka kiambatisho kinachoorodhesha Misimu iliyopita, chanzo cha kila mmoja na madhara yake, kana kwamba tunasoma kumbukumbu za idara ya serikali. Usikiruke kiambatisho hicho. Kinatuonyesha jamii ambayo imekufa mara nyingi na imejifunza kuhesabu vifo vyake. Watu wanaishi katika makazi yenye kuta na maghala. Majina yao hubeba kazi waliyozaliwa kuifanya na makazi wanayotoka. Sheria za kujikimu wakati wa janga zimeandikwa kwenye mawe. Kila kitu katika jamii hii kimepangwa kwa ajili ya siku mbaya.

Katika jamii hiyo huzaliwa watu wachache wenye kipawa. Wanaitwa maorojeni, jina lililotokana na istilahi ya jiolojia inayohusu kuumbwa kwa milima. Wanaowachukia wana jina lao la matusi, ambalo sitaliandika. Orojeni huzaliwa na uwezo wa kuupima mtetemo wa ardhi ukiwa bado mbali, kwa kiungo kilicho chini ya ubongo karibu na uti wa mgongo. Watu wote wanacho kiungo hicho, ila cha orojeni kinasikia zaidi na kinaweza kutenda. Mwandishi ameunda kitenzi kipya cha Kiingereza kwa ajili ya hisi hiyo. Sisi tungeweza kusema tu “kuhisi”, lakini neno hilo limechoka kwa kazi nyingi tulizolipa. Mimi ningependelea “kunusa ardhi”, kwa sababu wakulima wetu tayari hunusa mvua kabla haijafika.

Baada ya kupima, orojeni anaweza kutuliza tetemeko, au kulikuza, au kuligeuzia upande mwingine. Hapa ndipo penye ustadi ambao ningependa mtahiniwa autambue. Nguvu haitoki patupu. Orojeni huivuta kutoka ardhini, na ardhi isipotosha au akikosa utulivu wa moyo, huivuta kutoka katika vitu vilivyomzunguka: joto la hewa, la miti, la wanyama, la watu. Walio ndani ya duara lake huganda wakawa barafu. Kwa hiyo kila tendo la kuokoa lina hesabu yake. Ukitaka kuzuia mlima usilipuke, lazima ujue joto hilo utalipeleka wapi, na jirani yako amesimama umbali gani. Mwandishi hafafanui sheria hii kwa mhadhara mrefu. Anaionyesha kwa nyasi zilizoganda na maiti walioganda, na msomaji anajifunza kuogopa duara kabla hajaelezwa ni duara la nini.

Linganisha na namna uchawi unavyotumika katika hadithi nyingi ambazo wanafunzi wetu huandika kwenye insha. Shujaa amezingirwa na maadui, anachomoa pete aliyoachiwa na nyanya yake, maadui wanatoweka. Mwanafunzi anashangaa anapopata alama za chini. Tatizo halimo katika pete. Pete haikupunguza chochote kwa aliyeivaa, na kwa sababu hiyo haikumfunza msomaji lolote kumhusu.

Nije sasa kwa shule yenyewe, nitakapokaa zaidi. Inaitwa Fulcrum, nayo iko Yumenes, mji mkuu wa milki. Watoto wanaogunduliwa kuwa na kipawa, kama hawajauawa na majirani au na wazazi wao wenyewe, huletwa hapa. Wanafunzi wapya wanaitwa kwa neno la Kiingereza linalomaanisha changarawe, vijiwe visivyo na thamani mpaka vitakaposagwa na kulainishwa. Wanavaa sare, wanalala mabwenini, wanatandika vitanda kwa namna moja. Somo la kwanza si mitetemo. Somo la kwanza ni kujitawala: usikasirike, usishtuke, usilie, kwa maana hasira yako inaua. Anayefaulu mtihani wa kwanza huvishwa pete, naye huacha jina alilopewa na wazazi akajichagulia jina la jiwe. Pete zinaongezeka hadi kumi, kiwango cha juu kabisa. Msichana Damaya aliyeletwa hapa akiwa mdogo anaondoka akiitwa Syenite, mwanamke mwenye pete nne na kiu ya kupata ya tano.

Sijui wewe, msomaji, ulipofika hapa uliona nini. Mimi niliona mabweni, orodha ya matokeo ubaoni, na nambari ya mtahiniwa ikichukua nafasi ya jina lake. Sisemi kwamba mwandishi alikusudia shule ya bweni ya Kenya. Hakukusudia. Hata hivyo tahakiki nzuri huanza pale msomaji anapojitambua mahali ambapo hakutarajia, na mwalimu ndiye msomaji atakayejitambua kwa haraka zaidi katika kurasa hizi.

Kila orojeni wa Fulcrum ana mtu wa kumwangalia. Neno la Kiingereza alilolitumia mwandishi linaweza kufasiriwa kwa Kiswahili kwa njia mbili, mlezi au mlinzi, nami nilipojaribu kuchagua nikatambua kwamba riwaya nzima imesimama juu ya utata huo. Fomu zetu za kujiunga na shule zina nafasi ya “mzazi au mlezi”; langoni tumemweka mlinzi. Schaffa ni vyote viwili. Anamtoa Damaya katika ghala alimofungiwa na wazazi wake, anampandisha farasi, anamsimulia hadithi, anamfunika baridi isimpate. Msomaji anapumua. Kisha, safarini, kwa sauti ile ile ya upole, anaushika mkono wa mtoto na kuuvunja kwa makusudi. Anataka kujua iwapo Damaya anaweza kuvumilia maumivu bila kuitumia nguvu yake. Akishindwa, itambidi amuue. Damaya anavumilia. Schaffa anamwambia kwamba anampenda, na jambo la kutisha ni kwamba hasemi uongo.

Mhusika kama huyu huwatatiza watahiniwa waliozoea kugawa wahusika kuwa wema na wabaya. Ukiwauliza sifa za Schaffa, wengine wataandika “katili” na wengine “mwenye upendo”, kila mmoja na mfano wake sahihi. Mwelekeze mtahiniwa aandike zote mbili na aeleze jinsi moja inavyoitumikia nyingine. Upendo wa Schaffa ndio unaoufanya ukatili wake ufaulu, kwani mtoto aliyechukiwa na wazazi wake atakubali kuvunjwa na mtu wa kwanza aliyemkumbatia.

Katika kitabu cha pili tendo hilo linarudi. Damaya yule amekuwa mama, naye katika kumfundisha binti yake Nassun kujitawala ili asigunduliwe na majirani, amemvunja mkono vivyo hivyo. Hakuna mlinzi aliyemtuma. Hakuna sheria iliyomlazimisha. Alifundisha kama alivyofundishwa. Viboko vilipigwa marufuku katika shule za Kenya mwaka 2001, na kila mwalimu wa rika langu anajua hoja zilizotolewa na waliovitetea baadaye: sisi tulichapwa na hatukufa. Jemisin analiweka jibu lake katika macho ya Nassun, ambaye naye hakufa, na ambaye kuanzia siku hiyo hampendi mama yake.

Tumeona wanaofaulu. Wanaofeli je? Syenite anatumwa kwenda mji wa pwani uitwao Allia kuondoa matumbawe yaliyoziba bandari, akiandamana na Alabaster, mwenye pete kumi. Amri ya pili waliyopewa ni wazae mtoto, maana Fulcrum huzalisha maorojeni kama mfugaji anavyozalisha ng'ombe wa maziwa. Njiani wanapitia kituo kimoja kati ya vingi vilivyotapakaa barani. Kila kituo kina orojeni mmoja ambaye kazi yake ni kutuliza mitetemo midogo usiku na mchana ili miji mikubwa isitikisike. Syenite ameamini siku zote kwamba hiyo ni kazi ya kuchosha wanayopewa wenye pete chache. Alabaster anamwingiza ndani amwone mtunza kituo. Ni mtoto. Ameketishwa kwenye kiti alichofungwa, amechomekwa mirija ya kumlisha na kumwondolea uchafu, mwili una vidonda. Watoto walioshindwa kujitawala hukatwa sehemu ya kile kiungo chao, wakabaki na silika tupu ya kutuliza ardhi, kisha hulazwa kwa dawa maisha yao yote. Huyu alizinduka katika maumivu, na alipokufa aliwaua wote waliokuwa kituoni.

Huo ndio moyo wa riwaya nzima, na unajibu swali letu la mwanzo. Uthabiti wa miji, barabara zisizopasuka, vyombo visivyoanguka kabatini, vyote vimeegemea kwenye kile kiti. Taaluma ya kupima na kuifuga hatari haikuiondoa hatari. Imeitoa barazani mwa wenye nguvu ikaipeleka ndani ya mwili wa mtoto mmoja ambaye hakuna apitaye barabarani anayemwona. Mtahiniwa akiulizwa ajadili jazanda katika riwaya hii, na aanzie hapa.

Kinjeketile ya Ebrahim Hussein, iliyotolewa mwaka 1969, inatupa mfano wa karibu zaidi na nyumbani. Tamthilia hiyo inahusu Vita vya Majimaji vya 1905 hadi 1907 dhidi ya Wajerumani. Kinjeketile anapagawa na pepo Hongo, anaingia mto Rufiji, anarudi na maji ambayo watu wataamini kwamba yanageuza risasi kuwa maji. Ukiitazama kwa jicho la Jemisin, unaona mara moja tofauti. Nguvu za maji ya Rufiji hazigawanyiki katika viwango vya pete moja, mbili, tatu. Ama watu wanaamini ama hawaamini, na imani hiyo ndiyo inayoyaunganisha makabila yaliyokuwa yamegawanyika. Uchawi wa Hussein ni wa kijamii. Wa Jemisin ni wa kimaumbile, una joto na baridi. Lakini swali la umiliki liko pale pale. Kinjeketile akiwa amepagawa anatamka kwamba watakuwa watoto wa Seyyid Said, na Kitunda anapomrudishia maneno hayo anatambua kwamba dawa aliyopewa inaweza kuwa inamtumikia bwana mwingine. Maorojeni nao wanapofika kiwango cha juu cha elimu yao ndipo wanapong'amua ni ya nani. Aliye na pete kumi haruhusiwi kukataa kazi, wala kumlea mtoto wake.

Mwisho wa tamthilia, Kinjeketile anakataa kukiri mbele ya Mjerumani kwamba maji yalikuwa uongo, maana neno hilo lingewavunja nguvu vizazi vijavyo. Alabaster anachukua njia nyingine kabisa. Katika utangulizi wa The Fifth Season mtu mmoja, ambaye tutakuja kujua baadaye kwamba ni yeye, anazikusanya nguvu za wale watoto wa vituoni na kulipasua bara vipande viwili. Anaanzisha Msimu utakaodumu maelfu ya miaka. Kinjeketile analinda tumaini asiloweza kulithibitisha, Alabaster anateketeza utaratibu alioupima na kuuona umeoza. Darasa likigawanywa makundi mawili juu ya wahusika hawa, kipindi cha dakika arubaini hakitatosha.

Kuna wanafunzi watakaosema kwamba mambo haya ya ardhi kupasuka ni ya kufikirika tu, hayatuhusu. Wakumbushwe kwamba tunaishi juu ya Bonde la Ufa. Januari 1928 tetemeko kubwa lilitikisa eneo la Subukia. Machi 2018, baada ya mvua kubwa, ufa ulifunguka karibu na Mai Mahiu ukakata barabara ya kuelekea Narok, na kwa siku kadhaa watu walisema Afrika inagawanyika mbele ya macho yetu. Wataalamu wengi wa jiolojia walieleza kwamba maji yalikuwa yameosha jivu la volkano lililojaza nyufa za zamani. Kule Olkaria, tangu mwaka 1981, mvuke wa joto hilo hilo la chini ya ardhi unazungusha mitambo ya umeme. Hatari imepimwa ikafugwa, na wanafunzi wetu husomea taa zake. Nako Bunyore, ukoo wa Nganyi umejulikana kwa vizazi kwa kusoma mvua kutokana na miti, wadudu na ndege, na kuanzia mwishoni mwa miaka ya 2000 wazee wake wamewahi kukaa meza moja na wataalamu wa Idara ya Utabiri wa Hali ya Hewa kulinganisha utabiri wao. Kuna mwalimu anayefundisha uganga kama kipera cha kale tu cha fasihi simulizi ambaye angefaidika kwa kuyajua hayo. Mganga wa mvua hakuwa mlaghai wala mtu wa miujiza. Alikuwa na vipimo.

Niguse mtindo, maana ndio utakaompa taabu msomaji wa mara ya kwanza. Riwaya ya kwanza ina masimulizi matatu yanayopishana: ya Damaya mtoto, ya Syenite kijana, na ya Essun, mwanamke wa makamo anayeishi katika mji mdogo wa Tirimo kama mwalimu wa watoto, akiuficha uorojeni wake. Sehemu za Essun zimesimuliwa katika nafsi ya pili. Wewe unarudi nyumbani, wewe unamkuta mwanao mdogo Uche ameuawa na baba yake, wewe unaketi na maiti. Wanafunzi hupenda kuuliza nafsi ya pili ni ya kazi gani. Kwa Kiswahili jibu linaweza kuonyeshwa ubaoni. Andika sentensi: “Unaketi. Hupiki. Hufungui mlango.” Waambie wasome kwa sauti, kisha wabadilishe iwe nafsi ya tatu: “Anaketi. Hapiki. Hafungui mlango.” Watahisi wenyewe jinsi ile irabu moja inavyowasukuma ndani ya nyumba au kuwaacha dirishani. Baadaye tunagundua kwamba kuna anayesimulia, na kwamba ana sababu ya kumwambia Essun maisha yake mwenyewe.

Asiyetaka kuijua siri ya ploti kabla ya kusoma na aruke aya hii. Damaya, Syenite na Essun ni mtu mmoja katika vipindi vitatu vya maisha. Mwandishi hakudanganya mahali popote. Majina yalibadilika kwa sababu mhusika alilazimika kuyabadilisha. Hii si mbinu rejeshi ya kawaida ambapo mhusika anakumbuka. Hapa mhusika amevunjika vipande, na ploti imevunjika pamoja naye. Mtahiniwa akiandika tu “mwandishi ametumia mbinu rejeshi” atakuwa ametaja jina la chombo bila kueleza kinakata nini. Kuna pia tukio la kisiwani ambapo Syenite anamuua mwanawe mchanga kwa mkono wake ili asichukuliwe na Walinzi. Wanaoijua Beloved ya Toni Morrison ya 1987 watatambua historia ya utumwa wa Marekani imejikita chini ya tukio hilo.

Si kwamba kazi haina kasoro. Kitabu cha pili kinakwama kwa muda mrefu katika mji wa chini ya ardhi uitwao Castrima, ambako vikao ni vingi kuliko matendo, na kama si sura za Nassun ningekiweka kando. Kitabu cha tatu kinaeleza mno. Kinatupeleka kwenye ustaarabu wa kale uliotaka kuifyonza nguvu ya dunia bila kikomo, mpaka dunia ikajibu na mwezi ukatupwa mbali. Wazo ni kubwa, lakini kila fumbo lililotuvuta katika kitabu cha kwanza linafunguliwa na kuwekewa kibandiko.

Kasoro nzito zaidi, kama ni kasoro, iko katika jazanda yenyewe. Maorojeni wanasimama mahali pa watu waliobaguliwa: wana jina la matusi, wanauzwa, wanazalishwa, wanauawa na umati. Lakini waliobaguliwa katika historia yetu hawakuwa hatari. Hofu iliyowazunguka ilizuliwa na waliofaidika nayo. Maorojeni ni hatari kweli kweli. Mtoto akikasirika anaweza kugandisha darasa zima. Je, mwandishi hajampa mbaguzi hoja asiyostahili? Wapo wasomaji wanaojibu ndiyo, na sidhani wanafaa kupuuzwa. Mimi ninaona Tirimo kama jibu la mwandishi. Mpasuko wa bara ulipofika huko, Essun, akiwa bado ameketi na maiti ya mwanawe, aligeuza tetemeko likapita kando ya mji. Nyumba zote zikasalimika. Na kwa sababu duara la ardhi isiyoguswa lilionekana wazi kuuzunguka mji, watu wakajua kuna orojeni miongoni mwao, na alipofika langoni akiondoka walimrushia mishale. Ndipo alipoua. Mwandishi anakubali kwamba hatari ipo. Anachotuuliza ni nani aliyeilazimisha itokee. Jibu hilo linanitosha katika kitabu cha kwanza. Katika cha tatu halinitoshi, na ningefurahi kusoma mwalimu mwingine katika kurasa hizi akinipinga.

Kwa anayenuia kuitumia riwaya hii katika chama cha wasomaji: isianze chini ya Kidato cha Tatu, kwa kuwa kifo cha mtoto kimo katika kurasa za mwanzo kabisa na hakikufunikwa. Kitabu cha kwanza kinatosha. Sura ya mkono kuvunjwa isomwe kwa sauti na mwalimu mwenyewe, asimpe mwanafunzi. Maswali mawili ambayo yamezaa majibu mazuri ni haya: “Fulcrum ni shule au ni gereza? Thibitisha kwa hoja sita,” na “Eleza jinsi majina ya mhusika mkuu yanavyojenga dhamira.” Katika swali la kwanza, asitunzwe mtahiniwa aliyetaja upande mmoja pekee, hata kama hoja zake sita ni sahihi.